Ndege Iliyochongwa kwa Gogo la Mramba

Mwarandu alikuwa mchonga koma, na koma ya ndugu yake mwenyewe ilikuwa haijachongwa. Mganga hajigangi, watu wa Magongo walisema, wakacheka. Yeye hakucheka. Alikuwa amechoka kuulizwa.

Kwa Wagiriama, mtu akifa hasahauliwi hivi hivi. Huchongewa koma, yaani kigogo cha mti mgumu, kikasimikwa ardhini karibu na nyumba, na hapo ndipo marehemu anapokaa, anapomwagiwa tembo la mnazi na kupewa habari za nyumbani. Asiye na koma huzurura. Mramba, kaka mkubwa wa Mwarandu, alikuwa akizurura tangu vita vya Mfalme wa Waingereza na Wajapani, maana alifia Bama, ng'ambo huko Asia, na hakurudishwa. Mwenzake aliyerudi alisimulia kwamba ndege ilipita mchana kweupe ikadondosha bomu, na baada ya moshi kutawanyika hapakuonekana hata cha kuzika.

Mama yao, Kafedha, alingoja. Kwanza palikuwa na ukame, kisha baba akafa, kisha shamba la Mikindani likahitaji mikono. Ngoja ngoja huumiza matumbo. Mwishowe Mwarandu alipanda bara mpaka Kaloleni akapata gogo zuri la mwanga, mti usioliwa na mchwa, akalileta begani sehemu kubwa ya njia. Akalisimamisha pembeni mwa nyumba. Kafedha, ambaye macho yake yalikuwa yameingia ukungu, alilimwagia tembo na kulitajia jina. Tangu hapo gogo lile halikuwa gogo tena. Jina likishatajwa juu ya mti halihamishwi kwenye mti mwingine, na mti wenyewe haufanyiwi kazi nyingine. Lilibaki kuchongwa tu.

Lakini Mwarandu alikuwa kibarua, akifyeka nyasi katika kiwanja cha ndege cha Port Reitz, na jioni alirudi mikono haina nguvu hata ya kushika tezo. Siku moja wakati wa chakula aliketi akichonga mwiko. Sajini mmoja wa Kiingereza, kutoka kambi ya jirani, alisimama kumtazama. Mtu mnene, mwekundu, ambaye vibarua walimwita Bwana Ndege. Alitoa mfukoni picha ya ndege.

"Wewe nachonga hii?" aliuliza.

"Nikipewa mti, bwana."

Basi akawekwa kivulini, na wenzake wakamwonea wivu. Hawakujua kazi yenyewe inavyochosha. Misri ilikuwa imepewa ndege za Kirusi, na Waingereza waliona Mombasa si mbali tena kama zamani. Kazi ya Bwana Ndege ilikuwa kuwafundisha askari wa mizinga kuzitambua kwa umbo, wasije wakaangusha za kwao. Alitaka vielelezo vya mti, vyeusi tititi, vining'inizwe darini kwa waya. Na kila alichotaka alikitaka jana.

"Hapana hii! Bawa peleka nyuma. Nyuma!"

Mwarandu alizishika ndege hizo za Kirusi kichwani kama mtu anavyoshika ukoo. Baba wa ukoo alikuwa ndege ya vita, Migi ya kumi na tano, iliyowatoa jasho Wamarekani kule Korea. Injini yake, Bwana Ndege alieleza kwa uchungu, ilitokana na ile ambayo Waingereza wenyewe waliwauzia Warusi vita vilipokwisha. Kikulacho ki nguoni mwako, Mwarandu aliwaza, akaendelea kupiga msasa. Mwana alikuwa Migi ya kumi na saba, mwili mrefu kidogo, na juu ya kila bawa vijiukuta vitatu badala ya viwili vya babake. Akafuata mjukuu, wa kumi na tisa, mwenye injini mbili ubavu kwa ubavu, mwepesi kuliko sauti yake mwenyewe. Kitukuu, wa ishirini na moja, alikuwa na mabawa ya pembetatu kama sambusa. Upande wa wajomba palikuwa na Ilyushini ya mabomu, bawa lake limenyooka lakini mkia umelala nyuma, na mkiani mna mpiga bunduki aliyeketi akitazama anakotoka.

Miaka ikapita hivyo. Vumbi la mti lilimkaa kifuani. Viganja vilianza kuuma kila asubuhi, mpaka mkewe Kache akawa anamfungia vitambaa vya moto kabla hajatoka. Na kila Jumapili mama aliuliza swali lile lile.

"Mramba amefika wapi, mwanangu?"

"Yu njiani, mayo."

Pale kazini alichonga ndege, ndugu wa ile iliyomuua kaka yake, moja baada ya nyingine, na nyumbani kaka yake alisimama pembeni akingoja zamu. Mwarandu aliliona hilo vizuri. Mtu aliyechoka huona mambo mengi vizuri, ila hana nguvu za kuyafanyia kitu.

Siku zilipokaribia za mkubwa fulani kutoka Nairobi kuja kukagua, Bwana Ndege alitaka ndege moja ya kutundikwa katikati, kubwa kupita zote: Tupolevu ya kumi na sita, ya mabomu, ambayo injini zake zimefichwa kwenye shina la mabawa zikatuna kama mabega ya mchukuzi. Mwarandu aliichonga kwa mbao za makasha, ikapasuka palepale mabegani. Akachonga nyingine, ikapasuka. Mti ule ulikuwa laini, haukuweza kubeba umbo lile.

"Kesho kutwa hapana ndege, hapana kazi," Bwana Ndege alisema. Hakusema kwa ukali. Naye alionekana kuchoka.

Mwarandu alirudi nyumbani. Mama na Kache walikuwa shambani. Alilitazama gogo muda mrefu. Alijiambia kwamba atapanda bara tena, atapata jingine, kwamba marehemu ni mtu wa nyumbani na mtu wa nyumbani huelewa. Alijua kuwa anajidanganya. Akalibeba begani, kama alivyolileta.

Mti wa mwanga haukupasuka. Mwili na mabega vilitoka kipande kimoja, na mabawa akayapachika kwa vigingi. Mkubwa wa Nairobi alikuja, akatazama juu, akasema kitu kwa Kiingereza, akaenda zake.

Jumapili ilipofika, Kafedha alikwenda kuketi mahali pake pembeni mwa nyumba. Alinyoosha mkono kupapasa. Akapapasa tena, chini zaidi.

"Mwarandu," aliita, "ndugu yako ametoka?"

Mwarandu alimweleza yote. Kache alisimama mlangoni, mkono mdomoni. Mwarandu alitazamia mama apige kelele, na angefarijika kama angepiga.

"Umemtundika darini," Kafedha alisema. "Mtu wa kukaa ardhini."

"Nitachonga jingine, mayo."

"Utamchonga nani? Jina lake liko kule." Akajifuta uso kwa leso. "Mimi ni mzee. Nikienda leo nitamkuta wapi? Mrudishe."

Mwarandu aliomba kazini arudishiwe. Bwana Ndege alimjibu kwamba vitu vile ni mali ya Malkia, na haviondoki. Basi Mwarandu akaendelea kuchonga chini ya dari ile ile, kivuli cha Tupolevu kikipita juu ya mikono yake kila upepo ulipovuma. Asubuhi, kabla watu hawajaja, aliiamkia. Nyumbani mama hakuuliza tena Jumapili. Kule kutouliza kulimchosha kuliko maswali yote ya zamani.

Mwaka wa Uhuru, kambi ilianza kufungasha. Bendera mpya zilikuwa zikishonwa Changamwe nzima, na askari walikuwa wakipakia masanduku. Mwarandu aliona moshi nyuma ya ghala. Alipofika, ukoo wote ulikuwa shimoni: baba, mwana, mjukuu, kitukuu na wajomba, na mbao za makasha zinashika moto kama makuti. Bwana Ndege alisimama kando na fimbo.

Tupolevu ilikuwa chini kabisa. Mti wa mwanga hauungui upesi. Mwarandu aliivuta kwa reki, bawa moja limekwisha kuwa kaa, akaimwagia mchanga.

"Wewe nataka ya nini?" Bwana Ndege aliuliza. "Urusi hapana kuja."

"Huyu ni ndugu yangu, bwana."

Bwana Ndege alimtazama, kisha akautazama moto. "Chukua," alisema.

Akaipeleka Mikindani begani. Kafedha aliketi chini, akaiweka mapajani, akaipapasa kuanzia puani. Alipofika ubavuni mkono ulisimama.

"Hiki ni nini?"

Angeweza kusema ni tawi. Alikuwa amechoka na "yu njiani".

"Ni bawa, mayo. Ni ndege ya mabomu."

Machozi yalimtoka Kafedha bila sauti.

"Kata," alisema.

Akakata. Msumeno ulilia, na viganja vyake vililia nao, mpaka mabawa yote mawili yakaanguka, pamoja na mkia. Kilichobaki kilikuwa kigogo cheusi, kirefu, chenye mabega. Mwarandu akakichonga shingo na uso, na alama za pembetatu kifuani kama alivyofundishwa na babake. Alipomaliza alimrudishia mama. Vidole vyake vilishuka kwenye ule uvimbe wa injini, vikatulia hapo.

"Mramba alikuwa na mabega," Kafedha alisema.

Wakamsimika upande wa jua lichwalo. Kache alileta tembo katika kifuu. Mama aliinama, akamwaga taratibu, mkono mmoja ukimshika Mwarandu bega asianguke, na mwingine ukiishika koma.

"Umekawia, mwanangu," alisema.

Mwarandu hakujua ni nani kati yao anayeambiwa. Akaitikia yeye, kwa kuwa mwenzake hakuweza.