Sauti ya Kuanguka

Jamani, hadi leo nikipita Kasingirima, kule Ujiji, nashusha kofia mpaka puani, maana pale kuna watu wakiniona tu wanapiga mdomo "pwaaa-pwaaa" na kuvunjika mbavu, na sina wa kumlaumu ila vidole vyangu mwenyewe.

Kazi yangu mnaijua, natunga na kupanga muziki wa vichekesho vya televisheni: mchekeshaji akiingia namwekea wimbo wake, akianguka nabonyeza sauti ya tarumbeta iliyokata tamaa (hiyo ndiyo pwaaa yenyewe). Mwaka ule Warundi waliokimbia kwao walipojaa Kagunga, kijiji cha mpakani kando ya ziwa, tulikuwa tumekuja Kigoma kurekodi, na mpiga picha wetu alipotumwa huko nikadandia boti lake. Asubuhi ile ukungu ulikuwa umelala juu ya ziwa, huoni maji yanaishia wapi, na katikati ya watu waliokuwa wakisubiri meli bibi mmoja amekaa juu ya furushi lake, anaimba chinichini. Nilihisi kama naota. Nikatoa simu, nikamrekodi, hata shikamoo sikumpa (eti nisimkatize!), nikaondoka.

Jumamosi, ukumbini Ujiji, wimbo ule nikauchangamsha, nikamwekea mchekeshaji wetu anayeigiza mlevi aingie nao. Watu wakacheka. Mara dada mmoja akainuka nyuma, akaja taratibu kama anayetembea usingizini, akajikwaa kwenye waya wa kamera, akaanguka, na mimi, kwa mazoea tu, nawaapia, pwaaa!

Ukumbi ukalipuka. Dada akasimama, akaniuliza, "Mawe ari hehe? Mama yangu yuko wapi?" Wakazidi kucheka wakidhani ni mwigizaji, na mkuu wetu akaninyooshea dole gumba niendelee! Yule dada hakubishana na mtu. Akauimba wimbo polepole, mpaka vicheko vikaisha kimoja kimoja.

"Huu mama alitutungia sisi wanawe," akasema. "Tulipotezana njiani. Nani kakupa?"

"Bibi mmoja, kule Kagunga."

"Anaitwa nani?"

"Sikumuuliza."

Nimewahi kuzomewa katika maisha yangu, lakini aibu ya jibu lile sijapata kuionja tena.

Tukaenda wote uwanja wa mpira, walikopelekwa wakimbizi walioletwa na meli kutoka Kagunga, mimi na koti langu jekundu la jukwaani lenye vifungo vikubwa kama visosi, kinanda kidogo kimening'inia shingoni, watoto wananifuata wakinicheka, nami napiga wimbo ule polepole, safu baada ya safu, jua linazama, moshi wa vyakula umetanda, nikaanza kuamini kwamba yule bibi kweli nilimwota. Kisha nyuma ya kitenge kilichotundikwa kuzuia jua, sauti nyembamba ikaudaka wimbo.

Dada akaacha viatu palepale, akakimbia.

Walikumbatiana muda mrefu, nami nimesimama tu na kinanda changu, nalia hadharani na vifungo vyangu vile. Hatimaye bibi akanitazama juu ya bega la mwanawe.

"Ni wewe uliyekuwa unapiga?"

"Ndiyo, bibi. Shikamoo."

"Marahaba, mwana wanje, mwanangu. Mwisho umeuharibu. Haupandi pale, unashuka."

Tangu siku hiyo sibonyezi kitufe cha kurekodi kabla sijamwamkia mtu na kumuuliza jina. Yule bibi anaitwa Anastazia.