Zaina alifuta sauti ya harusi, mzee akanusurika kufungwa

Wakuu, habari za humu.

Nimeona vijana wanavyochukua video za zamani za watu na kuziita sanaa, nikakumbuka Gisenyi, Rwanda, mwishoni mwa miaka ya tisini. Nasimulia kama ilivyokuwa, hata pale ninapoonekana mjinga.

Nilikuwa nimetoka chuo, nina tai moja na maoni mengi.

Rafiki yangu Zaina, binti wa fundi cherehani pale mjini, ndiyo kwanza anaanza usanii. Hakuchora. Aliokota mikanda ya harusi iliyoachwa na mpiga video mmoja aliyehamia Goma, akawa anakata vipande na kuviunga upya kwa deki mbili.

Kazi yake ya kwanza aliiita "Hasira". Mzee wa koti, fimbo mkononi, anamnyooshea kidole mzee mwingine aliyekaa. Polepole, tena na tena. Sauti yake kaifuta, kaweka ngoma.

Zaina alikulia Tabora, kama mimi; familia zetu zilikuwa zimerudi Rwanda juzi tu. Kinyarwanda chetu kilitosha kuombea maji tu.

Tukaonyesha mchana, kwenye ukumbi wa hoteli, madirisha tumeziba kwa blanketi. Mimi nikatoa hotuba ya utangulizi. Nilitamka "dialectic". Mnisamehe.

Picha ikaanza. Watu wakaanza kugeukiana, na si kwa kupendezwa.

Afisa mmoja wa usalama, aliyerudi kutoka Uganda, akasimama. "Stop hapo. Huyu mzee anamtisha nani?"

Miaka ile waasi walikuwa bado vilimani. Kidole kama kile, kikidhaniwa ni tishio la waasi, kingeweza kukufungisha. Na mwenye kidole, Mzee Kalisti, alikuwa amekaa mstari wa pili.

"Ni mimi, afande," akasema. "Ilikuwa gusaba."

Mama wa sokoni aliyekaa kando yangu akaninong'oneza kwamba gusaba ni kuomba binti, na wasemaji wa pande mbili lazima wagombane kwa utani kwanza.

Afande akamgeukia Zaina. "Weka sauti tusikie."

"Nimeifuta."

Wakuu, jasho lilinitoka mpaka kwenye tai.

Ndipo mzee mwingine akainuka nyuma. Alikuwa Gaspari, yule aliyekaa kwenye picha. Akaanza kumtukana Kalisti kwa Kinyarwanda.

"Anasema, we na koti ya kuazima, unatafuta nini kwangu?" yule mama akanitafsiria.

Kalisti akajibu. Anataka binti, asifichwe. Gaspari akasema ng'ombe za mahari za mwenzake ziko na kikohozi. Watu wakaanza kucheka, afande naye akajikuna shavu.

Zaina akaurudisha mkanda mwanzo, akauachia. Maneno yakaingia midomoni mwao pale pale. Kidole kikapanda: mutoe binti!

Gaspari akajibu, kisha akakwama. Kicheko kikakatika.

Nikamwuliza yule mama amesema nini.

"Amesema, hapa hakuna binti wa ile jina." Akavuta kitenge mabegani. "Ni utani, wanasemaka vile kila gusaba. Lakini sasa ni kweli, ndugu. Binti yake, yule waliyemuomba siku ile, hayuko tena; alishakufa."

Kalisti akaacha kiti chake, akaenda kukaa naye.

Afande akavaa kofia. "Zima," akamwambia Zaina, taratibu. "Wazee waende nyumbani." Akatoka.

Tangu hapo Zaina hakati mkanda kabla ya kukaa na watu waliomo, au jamaa zao waliobaki. Somo ni hilo tu: picha ya mtu ukiinyima sauti yake, wengine wataipa ya kwao.

Ninyi wenye mikanda ya waliotangulia kabatini, mnaifanyaje? Mngemruhusu msanii aiguse? Nawasikiliza.