Kastadi Iliyokatika

Jikoni tulikuwa wanne: mimi, mwanangu mgongoni, mama mkwe aliyeshuka kutoka kijijini Mamba, milimani, kula Krismasi nasi hapa mjini Same, na jirani yangu Mwislamu, hodari wa kastadi ya maziwa na mayai. Nilimwomba anifundishe kwa kuwa ukoo mzima wa mume wangu ulikuwa unakuja mchana.

Maziwa yote tuliyokuwa nayo yalikuwa motoni. Jirani alipotoka kupiga mayai uani, mama mkwe akatwanga tangawizi ya shambani kwake, akaikamulia sufuriani.

"Nyie wa mjini hamjui utamu," akanicheka.

Kumbe tangawizi mbichi hukata maziwa. Mara yakawa mabonge na maji. Mama mkwe akaacha kucheka, akabaki ameshika mwiko kwa mikono miwili, haniangalii.

Jirani akaingia na bakuli lake. Akachungulia sufuria, akayaona maganda ya tangawizi sakafuni.

"Nisamehe, mama," akamwambia. "Moto niliuacha mkali mno. Kosa langu."

Mama mkwe akashusha pumzi. "Usijali, mwanangu. Hata sisi wazee hutukuta."

Shuleni tulifundishwa kuwa uongo ni dhambi. Jirani alisema wake, mimi nikauunga mkono kwa kunyamaza, na mpaka leo sijautubu.

Mchana wageni walikula wali, kisha ndizi mbivu, na mama mkwe alimkalisha jirani kando yake.