Siku Niliyokanyaga Klachi ya Gari la Kijiji

Sisi tuliozaliwa karibu na Uhuru, tukakulia kwenye miteremko ya Kwai, tuliijua baridi kabla ya kulijua sweta. Asubuhi ukungu uliingia mpaka jikoni bila hodi. Tulikwenda shule pekupeku kwenye umande, kila mtoto na kiazi cha kuchoma mfukoni. Kwanza kilipasha moto vidole, halafu saa nne kikaliwa. Siku za shamba la shule tulibeba na jembe begani, na sikumbuki mzazi hata mmoja aliyekwenda kumlalamikia mwalimu kwamba mwanawe ametoka malengelenge. Wajukuu zangu leo nikiwatuma chumvi dukani wanauliza kama kuna bodaboda.

Michezo tuliicheza yote, rede na kombolela na kuteleza mlimani juu ya magome ya migomba. Lakini mimi mchezo wangu mkubwa ulikuwa kukaa ndani ya gari lililosimama.

Gari lenyewe halikuwa letu. Kijiji chetu cha ujamaa kilikuwa na pikapu moja ya kijani iliyopauka, iliyoshusha kabichi, karoti na plamsi hadi Mombo, na dereva wake alikuwa Baba. Kwa kuwa dereva alikuwa Baba, gari lililala uani kwetu. Na kwa kuwa lililala uani kwetu, mimi Tabitha, mtoto wake wa kwanza, nilijiona kama nusu ya mwenyekiti wa kijiji. Nilijua harufu ya kile kiti kirefu kilichochanika, na nilijua kwamba gia yake haikuwa sakafuni bali pembeni ya usukani, mkono mrefu wenye kirungu cheusi.

Nilikuwa darasa la tano Baba alipoanguka. Alikuwa juu ya magunia ya kabichi akivuta kamba, kamba ikakatika. Mguu wa kushoto ulivunjika chini ya goti, akarudi kutoka hospitali na plasta nyeupe na gongo la mti wa mkaratusi. Halmashauri ya kijiji ikaomba dereva wa kuazima, naye akasema atafika Jumatatu.

Jambo hilo lilimnyima Baba raha. Kabla hajaanguka, klachi ilikuwa imeanza kusumbua. Haikukata vizuri. Unaikanyaga mpaka chini na bado gia inaingia kwa kukwaruza, sauti ya kukufanya ukunje uso. Baba hakutaka dereva mgeni aje aseme gari la kijiji chetu linatunzwa hovyo. Jumamosi asubuhi akatangaza kwamba atairekebisha hapo hapo uani.

"Baba Tabitha," Mama akasema, "mguu huo hata chooni unakwenda kwa kushikiliwa. Chini ya gari utaingiaje?"

"Kwa mgongo," Baba akajibu.

Akatandika gunia, akajivuta chini ya gari, plasta yake ikabaki nje kama gogo. Mimi nikapanda kwenye kiti cha dereva. Kazi yangu ilikuwa kukanyaga. Kabla hatujaanza alinieleza, maana Baba hakupenda mtu afanye kazi asiyoielewa. Pedali ya klachi, alisema, haitakiwi kushika papo hapo. Lazima iwe na mchezo kidogo, ishuke bure kiasi cha vidole viwili, ndipo ianze kuwa nzito. Mchezo ukizidi, klachi haikati na gia zinagoma. Mchezo ukiisha kabisa, klachi inateleza na kuungua. Huko chini kulikuwa na fimbo nyembamba ya chuma yenye nati mbili. Ya kwanza ndiyo inayopunguza mchezo, na ya pili inaibana ya kwanza isirudi nyuma.

Nati zilikuwa zimeganda kwa tope na kutu. "Tabitha, niletee mafuta ya taa kidogo."

Nikamimina kwenye kikombe cha bati cha bluu, kile kile tulichonywea uji. Sikufikiri. Baba alichovya kitambaa, akasugua nati, kisha akakisukuma kikombe nje kwa kiwiko. "Kirudishe ndani," akasema.

"Ndiyo, Baba."

Nikakichukua. Sikufika nacho mbali. Baba alikuwa tayari anaita, "Panda, ukanyage!" nami nikakiweka kwenye jiwe la mlango wa jikoni, nikijiambia nitakirudia.

"Kanyaga." Nikakanyaga. "Achia." Nikaachia. "Kanyaga tena, polepole, uniambie inapoanza kuwa nzito." Niliisikia ile pedali kwa unyayo mtupu, ikishuka bure, bure, halafu inagota. Kila Baba alipozungusha nati, ule ubure ulipungua. Nilifurahi mno. Tulikuwa tumefika vidole vitatu, tunatafuta viwili, niliposikia kikohozi.

Yona, mdogo wangu, alikuwa na miaka miwili. Alikuwa amekaa kando ya lile jiwe, kikombe kimelala mapajani mwake, kifua cha shati kimelowa. Alikohoa, akavuta pumzi, akakohoa tena, na macho yake yakanitazama kana kwamba mimi ndiye ningemweleza kilichompata.

Nilipiga ukelele ambao sijaurudia tena maishani. Mama alitoka jikoni akamnyakua, akaunusa mdomo wake, akaanza kulia kwa Kishambaa. Tayari alikuwa anamwinamisha, kidole kikienda kooni, Mama Shabani, jirani yetu, alipofika akikimbia na kanga yake mkononi.

"Usimtapishe!" alifoka. "Mama Tabitha, usimtapishe! Yakipanda yataingia mapafuni. Mpeleke hospitali!"

Hospitali ilikuwa Lushoto. Kwa miguu ni mwendo wa kubebwa kwa zamu tangu asubuhi hadi jua kuchoka, na Yona alikuwa tayari anapumua kwa haraka, mbavu zikionekana. Baba alijivuta kutoka chini ya gari. Uso ulikuwa na grisi, na kwenye grisi ile niliona amepauka.

"Nipandisheni," akasema.

"Utakanyaga klachi kwa mguu upi?" Mama alimuuliza.

Baba alinitazama mimi. "Tabitha, ukae katikati. Ulivyokuwa unafanya sasa hivi, ndivyo utakavyofanya. Nikisema kanyaga, kanyaga mpaka mwisho. Nikisema achia, achia polepole. Usiangalie barabara. Usimwangalie Yona. Sikiliza sauti yangu tu."

Mama Shabani akamsukumia Baba kitini. Mama akakaa mlangoni amempakata Yona. Mimi nikajibana katikati, mguu wangu wa kulia nikaunyoosha mbele ya plasta ya Baba hadi kwenye pedali. Spana mbili nilikuwa nimezitia mfukoni mwa gauni, sijui kwa nini, pengine kwa sababu zilikuwa mkononi.

"Kanyaga."

Gari likawaka. Gia ikaingia bila kukwaruza.

"Achia. Polepole. Polepole, mwanangu."

Tuliruka kama mbuzi mara mbili, kisha tukaenda. Kupanda kuelekea msitu wa Magamba tulifanya vizuri. Kanyaga, achia. Kanyaga, achia. Jasho lilinitoka kwenye baridi ile. Nilimsikia Yona pembeni yangu, pumzi zake zikitoa mlio mwembamba, na harufu ya mafuta ya taa ikajaa ndani ya gari. Mama alikuwa akisali bila kunyamaza. Mimi nilitaka kusali ila niliogopa, maana Mungu alijua nani aliacha kikombe.

Tulipovuka msitu na kuanza kushuka, unyayo wangu uligundua jambo. Pedali ilikuwa inashuka bure kuliko mwanzo. Vidole vitatu. Halafu vinne.

"Baba," nikasema, "mchezo unarudi."

Alikaza taya. "Nati ya pili hatukuibana."

Mbele yetu palikuwa na kona kali, upande mmoja ukuta wa mlima na upande mwingine vilele vya miti tu, kwa sababu mashina yake yalikuwa mbali huko bondeni. Baba alitaka gia ya pili ili injini ilizuie gari. "Kanyaga!" Nilikanyaga kwa mguu mzima, nikajiinua kitini, pedali ikagonga sakafu. Gia ikalia ikakataa. Akajaribu tena ikakataa. Sasa gari lilikuwa halimo kwenye gia yoyote na lilikuwa linaongeza mwendo. Baba alisimamia breki kwa mguu wake mmoja, akauvuta usukani kuelekea mlimani. Tulikwaruza ukuta wa udongo, mawe yakapiga bodi, tukasimama mtaroni tumeinama.

Kimya. Kisha ule mlio mwembamba wa kifua cha Yona.

"Spana unazo?" Baba akauliza.

"Ninazo."

"Mimi siwezi kushuka hapa nikapanda tena. Ingia wewe. Nyuma ya gurudumu la mbele upande wangu, utaona fimbo nyembamba."

Mama alinishika mkono. "Baba Tabitha, mtoto huyu—"

"Anajua," Baba akasema. "Mwache aende."

Niliingia kwa tumbo. Chini kulikuwa na joto na harufu ya mpira ulioungua, na gari lote lilikuwa juu ya mgongo wangu. Nilikuwa sijawahi kuiona ile fimbo, nilikuwa naisikia tu kwa mguu. Lakini nati zilikuwa ziking'aa kwa sababu Baba alikuwa amezisafisha. Mkono wangu uligusa bomba la moshi, ngozi ikatoa sauti. Sikulia. Nilizungusha.

Juu, Baba aliinama akaisukuma pedali kwa kiganja. "Bado. Endelea. Bado." Nati ilikuwa inasogea kidogo kidogo. "Bado. Hapo! Sasa shika hiyo isizunguke, na spana nyingine uibane ya pili. Kaza, Tabitha. Kaza mpaka ushindwe."

Nilikaza mpaka nikaona nyota.

Nilipotoka Baba hakunisifu. Alisema tu, "Panda, ukanyage." Nikakanyaga. Vidole viwili, kisha uzito. Tukatoka mtaroni kwa gia ya nyuma na kushika njia, kona baada ya kona, hadi tukaona mabati ya mji wa Lushoto.

Langoni mwa hospitali mlinzi alitufungulia, nami katika hali ile bado nilimwambia shikamoo. Ndivyo tulivyolelewa. Mama akakimbia ndani na Yona. Baba na mimi tukabaki garini, kwa sababu yeye hakuweza kushuka na mimi sikutaka kumwacha.

Mganga alisema mafuta yameingia kifuani, tungoje. Tulingoja. Mchana Baba aliteremshwa na wauguzi wawili, akakaa na Mama kwenye benchi, wakazungumza maneno machache ambayo sikuyasikia. Jioni ikafika na Yona bado yu hai, anapumua kwa shida lakini anapumua. Mama akalazwa naye. Baba na mimi tukaambiwa turudi, kuna kuku, kuna ng'ombe, na kuna gari la watu.

Njiani, jua likiwa bado kwenye vilele, nilishindwa kuvumilia. "Baba, kikombe nilikiacha mimi. Uliniambia nikirudishe."

Tulipita kona ile ile, michubuko yetu imo kwenye ukuta wa udongo.

"Mama yako ameshaniuliza," akasema. "Nimeshamjibu."

"Ulimwambia nini?"

"Kanyaga, tunapanda."

Nikakanyaga. 

Yona alirudi nyumbani baada ya siku nane, amekonda, anadai uji. Kabla ya hapo, Jumatatu ile, dereva wa kuazima alikuja, akajaribu klachi, akasema ni nzuri. Mimi nilikua nikiamini kwamba Mama ameambiwa. Kila aliponitazama kimya, nilidhani analifikiria lile, na kila aliponipakulia nyama zaidi ya wenzangu, nilidhani amenisamehe tena. Tulimzika Baba, miaka mingi baadaye tukamzika Mama, na neno hilo halikutajwa kati yetu.

Mwaka jana Yona alinipandisha nyumbani kutoka Muheza, anakofanya biashara ya viungo. Ana gari la kisasa, halina klachi wala kelele, mguu wake wa kushoto umekaa tu kama mgeni. Nilimtania kwamba vijana wa leo wanajiita madereva kumbe wanaendeshwa. Tukacheka. Tulipokuwa tunapita Magamba nikaona niseme, nimebeba vya kutosha. Nikaanza, "Yona, ile siku ya mafuta ya taa..."

"Ah, Dada," akanikatiza, "hiyo Mama alinisimulia mpaka nikaikariri. Jinsi Baba alivyoacha kikombe mlangoni. Mpaka Baba anakufa, Mama alikuwa hamruhusu ashike hata kibatari. Alikuwa anamwambia, wewe uliyetaka kuniulia mtoto."

Nilikumbuka sauti ya Mama jikoni ikimfokea, "Weka hiyo taa chini, ataishika Tabitha," na Baba akiiweka chini bila neno, nami nikiichukua nikijiona msichana wa kuaminika. Miaka zaidi ya thelathini aliambiwa hivyo ndani ya nyumba yake, mbele yangu, na sikuelewa nilichokuwa nakisikia.

Nilimweleza Yona ukweli. Aliegesha gari kando, akashusha kioo, tukakaa tunasikiliza msitu.

Sisi wa leo tunawapenda watoto wetu kwa maneno mengi. Tunawapigia simu, tunawaandikia, tunaweka picha zao kila mtu azione. Wazazi wetu hawakujua hayo. Baba yangu hakuwahi kuniambia ananipenda, na kwa miaka mingi niliwahurumia watoto wa enzi zetu kwa sababu hiyo. Siku hizi nikiwasikia wanangu wakiwaambia wanao neno hilo kwenye simu, nafurahi nao. Halafu nakaa peke yangu kibarazani, namkumbuka mzee aliyeambiwa aweke taa chini, akaiweka.