Karatasi ya Samaki Nisiyemla

Nakumbuka Jumamosi moja, mwanangu, nimesimama ndani ya mto Thego, maji baridi yamenifika magotini, mkononi niko na uzi, ndoano na mnyoo, na moyoni sina wasiwasi hata kidogo. Uhuru ulikuwa bado mpya. Nilikuwa nafanya kazi kwenye kiwanda cha mbao upande wa juu wa Chaka, na nilikuwa nimeweka pesa za viatu, maana baada ya wiki mbili ningekwenda Kagio kujitambulisha kwa baba yake Wanjiru. Mtu haendi kuomba binti na miguu mitupu. Hayo ya viatu usiyasahau, nitayarudia.

Kilichonipeleka mtoni ni kutaka kujua tu. Kila Jumamosi mzungu mmoja mzee alikuwa akisimama pale tangu asubuhi, akirusha uzi wenye manyoya ya jogoo yaliyofungwa mfano wa nzi. Anamshika trauti, yule samaki mwenye madoadoa, anamtazama, anamwachilia. Sasa niambie. Kwetu samaki hakuliwa. Nyanya yangu alimwita nyoka wa maji. Lakini mtu alowe siku nzima kwa kitu ambacho hata yeye hali? Jambo hilo lilinikaa kichwani kama uzi wa nyama kwenye jino.

Nilijua kuna kibali. Kila mtu alijua. Lakini niliwaza kwa akili yangu ya ujana: kibali ni cha wanaokula. Mimi sili, basi mimi si mvuvi, naangalia tu. Nilikuwa nimewatoa watatu, nimewalaza kwenye nyasi nikiwageuza-geuza, na wawili walikuwa wameshakufa, ndipo akanijia Bwana Wafula, mlinzi wa samaki, mtu wa Bungoma, mrefu kama mlingoti wa bendera na mpole wa sauti.

Akaniuliza kibali. Nikamjibu kwa kiburi, "Kwani kibali ya nini, bwana? Mimi sili samaki."

Hakukasirika. Alichuchumaa, akamchukua mmoja wa wale waliokufa, akampasua tumbo kwa kisu chake kidogo. Ndani mlijaa mayai, rangi ya machungwa, kama shanga.

"Kibali haiulizi tumbo, kijana," akasema. "Inauliza mkono. Huyu umle, usimle, amekufa."

Akanieleza kwamba trauti hakuzaliwa na mto wetu; aliletwa, na mpaka leo vifaranga wake hulelewa kwenye vidimbwi, hulishwa kama kuku, kisha humwagwa mtoni, na pesa za vibali ndizo husaidia kuwalea. Ukiona vyaelea, vimeundwa, walisema wahenga, na mimi nilidhani walisema habari za vyombo tu.

Angeweza kunipeleka kwa polisi, na kiwandani kwetu aliyelala seli hakurudi kazini. Badala yake alichukua uzi wangu na ndoano yangu, akaniambia niende ofisini Nyeri, Jumamosi ijayo nimwonyeshe karatasi. Hata ya siku moja ingetosha. Nisipokuja, alisema, kiwanda anakijua.

Nikaenda. Karani wa dirishani aliniambia kuna kibali cha siku moja, bei yake kama kilo mbili za sukari, na kuna cha mwaka mzima, na hicho, mwanangu, kilikuwa bei ya viatu. Tena akanisomea masharti: manyoya peke yake, hakuna mnyoo, samaki mdogo arudishwe majini. Ningechukua cha siku moja mambo yakaisha. Lakini nilijiuliza, kwa siku moja nitajua nini juu ya samaki huyu? Mdomo wangu ukasema cha mwaka kabla kichwa hakijaulizwa.

Basi Kagio nilikwenda na gambuti za kiwandani, zile buti ndefu za mpira. Kagio ni joto, si kama kwetu karibu na mlima. Miguu yangu ilikuwa inachemka kama githeri chunguni. Baba Wanjiru, muuza maharagwe wa maneno machache, aliziangalia zile gambuti mpaka chai ikapoa, halafu akauliza, ati huko kwenu mvua haijaisha?

Ningeweza kudanganya. Lakini mficha uchi hazai. Nikamwambia yote, mnyoo, mayai, mlinzi, viatu, nikatoa na karatasi mfukoni. Hakujua kusoma, aliigeuza upande huu na huu.

"Kwa hivyo ulishikwa kwanza, ndio ukaenda kuomba ruhusa."

"Ndiyo, baba."

Akanirudishia. "Basi kwangu umekuja kabla ya kushikwa. Wanjiru, hebu ongeza chai."

Viatu nilinunua mwaka uliofuata, vya arusi. Trauti simli hata sasa. Wanjiru ndiye aliyezoea kumkaanga, na wajukuu wanamaliza.

Mwanangu, kutaka kujua si kosa. Kosa ni kufikiri kwamba kitu usichokitamani hakina mwenyewe. Kabla ya kutia mkono, uliza ruhusa ni ya nani na bei yake ni gani, ulipe, hata kama italipwa na viatu vyako. Na ukishakosea, sema ulivyokosea, usingoje uulizwe mara mbili. Nakutemea mate kifuani kwa baraka, kama nilivyotemewa mimi: uulize usichoke, uombe usinyimwe, na kila mlango utakaobisha, ukute chai bado iko moto.