Siku Kumi za Manguben

Manguben alikuwa na vyerehani vinne na binti mmoja, na vyote alivilinda kama kuku aliyeona kivuli cha mwewe. Vyerehani vilishona lesi za sari katika chumba cha mbele cha nyumba yake, pale Surat, India. Binti, Hetal, alikuwa amerudi kutoka kwa mumewe akiwa amevunjwa mkono.

Baba mkwe wa Hetal, Vrajlalbhai, ndiye aliyekuwa akimkopesha Manguben lesi na nyuzi. Sokoni kwao huchukui mzigo bila kumwachia tajiri hundi yenye saini yako, mahali pa kiasi pakiwa patupu. Ukimaliza kulipa, hundi hairudi mpaka uiombe, na kumwomba mkwe ni kumwita mwizi mbele ya wanawe. Manguben alilipa yote, hundi akaiacha kwake.

Hetal alipotimiza mwezi wa tatu kwa mama yake, Vrajlalbhai aliijaza ile hundi: rupia laki nane. Akafungua kesi ya hundi, ile ambayo mdaiwa hana kauli mpaka aombe ruhusa ya kujitetea.

Wakili Trivedi alimwandikisha Manguben kortini kuwa amepata habari za kesi, kisha akamwonya. "Dada, itakuja karatasi ya pili, ya kuomba hukumu. Niletee siku hiyo hiyo. Tuna siku kumi tu za kuomba ruhusa."

Karatasi ikaja. Jioni simu ikalia.

"Mkwe, umeshakula?" Ni Vrajlalbhai, sauti laini kama samli.

"Nile nini, kaka, na umenipeleka kortini?"

"Hasira tu, ndugu yangu. Za nini pesa za wakili? Hiyo karatasi si ina tarehe? Siku hiyo tutakwenda pamoja, tumwambie hakimu tumepatana."

"Kweli?"

"Mimi nimekula chumvi yako, Manguben; siwezi kukusaliti."

Manguben aliisoma tena karatasi. Tarehe ilikuwa bado wiki tano. Akaona ndiyo siku ya kusema, basi akaiweka chini ya godoro. Wakili hakuambiwa.

Siku ya tarehe alifika kabla ya milango kufunguliwa, amekumbatia daftari la malipo, kila ukurasa una saini ya Vrajlalbhai. Alimwona mkwe wake amekaa na wakili wake. Mkwe hakugeuza shingo kumtazama.

"Mdaiwa ameomba ruhusa ya kujitetea?" hakimu akauliza.

"Hakuomba, Mheshimiwa," wakili wa Vrajlalbhai akajibu. "Siku kumi zilipita zamani."

"Bwana hakimu, nimelipa! Saini zake hizi hapa!"

"Mama, kaa chini. Huna ruhusa ya kusema."

"Litazame tu daftari!"

"Kaa chini, mama."

Hukumu ilisomwa kabla hajakaa: laki nane, riba na gharama.

Nje, Vrajlalbhai alikuwa akinywa chai amesimama.

"Ulisema tumepatana," Manguben akamwambia.

"Tupatane sasa. Mlete Hetal kabla ya Jumapili, nami sitadai hata pesa moja. Asipokuja, watu wa korti wanakuja kubeba vyerehani, kisha nyumba."

"Mwanao atamuua."

"Basi mfundishe adabu kabla hajaja."

Manguben alirudi nyumbani. Hetal alikuwa kwenye cherehani, anashona kwa mkono mmoja.

"Wamekusikiliza, Mama?"

Manguben alipanda kiti, akashusha sanduku la bintiye kutoka juu ya kabati, akaanza kumkunjia sari za kurudi nazo kwa mumewe, moja moja.