Mbegu Ndani ya Nailoni

Shule niliacha darasa la pili. Lakini enzi zile za Mwingereza, kati ya Masasi na Newala, nitajieni mwingine aliyefika Lindi akapewa kiti na tajiri mwenye ghala. Mimi nilipewa. Tajiri akanionyesha nailoni, nyembamba kama ganda la kitunguu, akaniambia kuna mashine ng'ambo inayoiyeyusha na kuipuliza ivimbe kama puto refu, kisha inaiviringisha. Angeiagiza, aifunge palepale Lindi, nami niwe wakala wake bara kote. Sharti lilikuwa moja: kwanza aone kama watu wanaitaka nailoni.

"Wataitaka," nikasema. "Niachie mimi."

Adui wa mkulima wa uwanda wetu nilimjua: fukusi, mdudu anayetoboa nafaka ghalani. Nilikwenda Kitangari, kwao mke wangu, na pasi ya mkaa. Nilitandika gazeti juu ya nailoni, nikapitisha pasi ukingoni, mfuko ukafungika hata pumzi haitoki. Nilianza kwa mama mkwe makusudi. Mbegu zake za mahindi na kunde ndizo walizokimbilia walioishiwa. Akikubali yeye, kitongoji kizima kimekubali.

"Mkwe wangu," alisema, kanigeuzia bega kama heshima yetu ilivyo, "mbegu zimezoea moshi. Humo zitapumua wapi?"

"Mama, mbegu si mtu. Na fukusi naye ataingilia wapi?"

Wanawake majirani waliokuja kutazama wakacheka. Mmoja akasema, "Mkweo anajua kuongea, huyu! Haya, mifuko tuiweke wapi?"

"Palepale mnapoweka mbegu siku zote."

Nililisema mimi, kwa kinywa changu. Na mahali pa siku zote ni uchaga ulio juu ya meko, joto na moshi vinakopita kutwa. Ningeuona mfuko umewekwa pale ningepiga kelele. Lakini mkwe haingii jikoni mwa mama mkwe, hata awe na jina kubwa kama langu.

Nikapita nyumba kwa nyumba na pasi yangu. Nailoni ikaisha, nikafuata nyingine. Tajiri akaridhika, akaandika barua ya kuagiza mashine.

Mwezi wa kumi nikapita tena Kitangari.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mkwe."

Nikakaa uani. Kupitia ukuta wa jiko ikanijia harufu ya uchachu, kama kimea kilichosahauliwa.

"Mama, mwaka huu mnapika pombe mapema!"

Hakucheka. "Hapa hakuna anayepika pombe."

Niliaga. Nyumba ya pili, harufu ileile. Ya tatu, ileile. Nikajiambia ni mihogo imevundikwa, nikaongeza mwendo. Mtu anayesubiri mashine kutoka ng'ambo hasimami kunusa majiko ya watu.

Mawingu ya kwanza yalipokaa juu ya Newala, mama mkwe akaniita. Nilimkuta kauweka mfuko katikati ya ua. Kwa ndani ulikuwa umejaa matone, kama mfuniko wa sufuria ya wali: jasho la mbegu juu ya meko, lililokosa pa kutokea. Hakuugusa. Akanisogezea kisu, nikaupasua mwenyewe. Kunde zilikuwa uji mweusi. Mahindi yalikuwa yametoa vimizizi vyeupe, vikatafuta udongo, vikakosa, vikaozea humo humo.

"Ulisema fukusi hataingia," alisema, na kwa mara ya kwanza tangu nimuoe binti yake akanitazama usoni. "Kweli, hakuingia."

"Mama, nitaleta mbegu kutoka Nanganga. Lori zima!"

"Na mvua utaiambia ikusubiri?"

Nikainuka.

"Kaa, mkwe wangu. Wenzangu nao nimewaita."

Nikageuka kutazama njia. Walikuwa wanakuja, mmoja nyuma ya mwingine, mifuko inang'aa vichwani. Mimi, niliyemshinda tajiri wa Lindi kwa maneno, nikakaa tena chini, kisu bado mkononi. Wa kwanza akatua mzigo wake miguuni pangu. Wa pili akatua. Kisha nikasikia mvua ikidondoka juu ya nailoni, tone moja moja, na njia bado ilikuwa imejaa watu.